Vumbi Lililowaudhi Wanaastronomia

Anayetazama mbingu za kusini usiku usio na mwezi, mbali na taa za mji, huona kwamba Njia Nyeupe imepasuka. Kuanzia karibu na Nge, giza limeugawa mkanda ule wa mwanga, na pembeni mwake kuna mabaka meusi ambayo kwa jicho hayana nyota hata moja. Waliotangulia kuyachunguza kwa darubini waliyachukulia kuwa matundu. William Herschel, aliyekuwa na darubini bora kuliko wote wa zama zake, aliandika mwaka 1785 kuhusu tundu la namna hiyo katika Nge. Kwa kuwa pembeni mwake palikuwa na fungunyota lililosongamana sana, alidhani nyota za hapo zilikuwa zimevutwa zikakusanyika humo, zikaacha pengo.

Maelezo hayo yalidumu zaidi ya karne moja. Aliyeyavunja, tena polepole na kinyume na alivyoamini mwenyewe, ni mtoto wa kimaskini aliyezaliwa Nashville, Marekani, mwaka 1857, baba yake akiwa ameshafariki. Edward Emerson Barnard alianza kazi katika studio ya picha akiwa na miaka tisa, na ustadi wa kamera ndio uliokuja kuwa mtaji wake wa maisha. Alipopata nafasi katika vituo vya kutazama nyota vya Lick na baadaye Yerkes, alipiga picha za Njia Nyeupe zilizohitaji lenzi kuachwa wazi kwa saa nyingi huku yeye mwenyewe akiongoza darubini ifuate mwendo wa mbingu. Katika picha hizo mabaka meusi yalijitokeza kwa makumi. Mengine yalikuwa na ukingo mkali upande mmoja na kufifia upande wa pili, mengine yameshikamana na nebula zinazong'aa. Kama yangekuwa matundu, ingebidi yawe mahandaki marefu yanayopita katikati ya maelfu ya nyota, na yote, kwa bahati ya ajabu, yawe yameielekea dunia moja kwa moja. Mwaka 1919 Barnard alichapisha orodha ya maumbo 182 ya giza, akiwa amekwisha kukubali kwamba mengi kati yake ni vitu vilivyosimama mbele ya nyota na kuziba mwanga wake. Alifariki mwaka 1923. Atlasi yake ilikamilishwa na Edwin Frost pamoja na mpwa wake Barnard, Mary Calvert, ikatoka mwaka 1927.

Ni vitu gani hivyo? Dokezo la kwanza lilikuwa limeshatoka kwenye Kilimia, kundi ambalo wakulima wetu walilitumia kujua majira ya kulima. Nyota za Kilimia zimezungukwa na ukungu hafifu wa buluu, na mwaka 1912 Vesto Slipher, akiwa Arizona, aliuchambua mwanga wa ukungu huo akakuta unafanana kabisa na mwanga wa nyota zenyewe. Kwa hiyo ukungu haukuwa ukiwaka. Ulikuwa ukirudisha mwanga wa nyota, jambo linalofanywa na chembe ngumu. Lilikuwa vumbi.

Mwaka 1930 Robert Trumpler, Mswisi aliyefanya kazi Lick, alionyesha kwamba vumbi hilo halipo kwenye mabaka meusi peke yake. Alipima mafungunyota 100. Kutokana na mwangaza wa nyota zake alikadiria umbali wa kila fungu, kisha kutokana na umbali huo akapata upana wake halisi. Jibu lilikuja la kushangaza: mafungu ya mbali yalionekana kuwa makubwa kuliko ya karibu, na kadiri umbali ulivyozidi ndivyo ukubwa ulivyozidi. Hakuna sababu ya maumbile kujipanga hivyo kuizunguka dunia yetu. Trumpler alihitimisha kwamba umbali ndio uliokosewa, kwa kuwa mwanga wa nyota hufifishwa njiani na utando wa vumbi uliotanda kote katika bapa la galaksi.

Kwa wanaastronomia wengi wa kizazi kile habari hiyo ilikuwa adha. Kila umbali ulipaswa kukokotolewa upya, kila rangi ya nyota kurekebishwa. Vumbi lilihesabiwa kuwa uchafu juu ya kioo cha dirisha, kitu cha kupimwa ili kiondolewe kwenye hesabu. Hata leo vitabu vingi hulitaja kwa sauti hiyohiyo ya malalamiko, nami naona si haki. Chembe hizo, nyingi zikiwa ndogo kiasi kwamba mia kadhaa zingepangana kwenye upana wa unywele mmoja, ni sehemu kama moja tu katika mia ya uzito wa gesi na vumbi vyote vilivyo kati ya nyota. Bila sehemu hiyo moja, mawingu ya anga yasingekuwa na kemia ya maana hata kidogo.

*

Kabla ya Trumpler gesi yenyewe ilikuwa imeshaanza kujulikana. Mwanga wa nyota ukipitishwa kwenye prizimu hutandazwa kuwa spektra ya rangi, na kila aina ya atomi huacha humo mistari myeusi ya mahali pake maalumu. Mwaka 1904, huko Potsdam nchini Ujerumani, Johannes Hartmann alikuwa akichunguza mojawapo ya zile nyota tatu za ukanda wa Jabari. Ni nyota pacha, mbili zinazozungukana kwa muda wa siku zisizofika sita, na mistari yake husogea huku na huko kwa kufuata mzunguko huo. Mstari mmoja wa kalisi ulikataa kusogea. Hartmann alielewa kwamba haukuwa wa nyota. Ni kalisi iliyo mahali fulani njiani. Miaka kumi na mitano baadaye Mary Lea Heger, mwanafunzi pale Lick, alipata mistari ya sodiamu iliyotulia vivyo hivyo, na pamoja nayo mikanda miwili mipana iliyofifia ambayo haikulingana na atomi yoyote iliyojulikana.

Atomi pekepeke zilikubalika. Molekuli, yaani atomi mbili au zaidi zilizoshikana, lilikuwa jambo jingine. Hewa tunayoivuta ina molekuli kama bilioni 27 mara bilioni moja katika kila sentimita moja ya ujazo. Wingu zito la angani lina kama 10,000 tu, na nje ya mawingu hupungua hadi moja au pungufu. Katika upweke huo atomi hukutana kwa nadra, na hata zikikutana hazishikani kirahisi: nishati ya kuungana hubaki ndani ya jozi, haina pa kwenda, na jozi huachana papo hapo. Zile chache zitakazofaulu zitapigwa na mwanga wa urujuanimno kutoka nyota za moto na kuvunjwa. Hesabu ilikuwa nzuri, na waliotilia shaka kuwapo kwa molekuli hawakuwa watu wa kupuuzwa.

Hata hivyo, kuanzia mwaka 1937, kwenye darubini kubwa ya Mount Wilson huko California, Walter Adams na Theodore Dunham walianza kuona mistari myembamba isiyokuwa na mwenyewe. Pol Swings na Léon Rosenfeld wa Liège, Ubelgiji, walipendekeza kwamba mmoja wake ni wa CH, kaboni moja na hidrojeni moja. Huko Kanada, Andrew McKellar alithibitisha jambo hilo mwaka 1940, kisha akatambua na CN, kaboni na nitrojeni. Mwaka uliofuata A. E. Douglas na Gerhard Herzberg waliitambua ya tatu, CH yenye chaji chanya, kwa kuitengeneza maabarani Saskatoon na kulinganisha mistari. Herzberg alikuwa ameondoka Ujerumani mwaka 1935 kwa sababu mke wake Luise, naye mwanafizikia, alikuwa Myahudi. Chuo kidogo cha uwandani Kanada kilimpokea, na mwaka 1971 mkimbizi huyo alipewa Tuzo ya Nobel ya Kemia.

McKellar anastahili kuzungumziwa kidogo. Katika spektra alizopelekewa na Adams aliona kwamba baadhi ya molekuli za CN zilikuwa zikizunguka kidogo, badala ya kutulia kabisa kama mtu angetarajia kwenye baridi tupu. Kitu fulani kilikuwa kikizitia joto. Mwaka 1941 alikokotoa joto hilo akapata digrii 2.3 juu ya sifuri halisi. Aliandika, akachapisha, dunia ikaendelea na vita vyake. Mwaka 1950 Herzberg aliitaja namba hiyo katika kitabu chake kikubwa cha spektra za molekuli, na kusema kwamba maana yake ni finyu sana. Miaka kumi na minne baadaye Arno Penzias na Robert Wilson, wakihangaika na mngurumo usiokoma kwenye antena yao huko New Jersey, walikuta kwamba anga lote limejaa mnururisho wa baridi ulioachwa na mwanzo wa ulimwengu. Joto lake, kama linavyopimwa sasa, ni digrii 2.7. Molekuli za CN zilikuwa zimelipima robo karne kabla. McKellar alikuwa amefariki mwaka 1960.

*

Vita vilipokwisha, mitambo ya rada na watu waliojua kuiendesha walipata kazi nyingine, na hilo lilikuwa na faida kubwa kwa wanaotafuta molekuli. Mwanga wa kawaida hauwezi kutoka ndani ya wingu lenye vumbi zito, lakini mawimbi ya redio hupenya. Molekuli zinazozunguka hutoa mawimbi hayo, kila aina kwa urefu wake, na urefu huo huweza kupimwa maabarani kwa usahihi mkubwa. Mwaka 1955, kwenye mkutano huko Jodrell Bank, Uingereza, Charles Townes alitoa orodha ya molekuli zinazofaa kutafutwa. Ya kwanza ilipatikana Oktoba 1963: OH, kwenye wimbi la sentimita 18, na kikosi cha Sander Weinreb na Alan Barrett kilichotumia antena ya Millstone Hill huko Massachusetts.

OH ni atomi mbili tu. Wengi waliona kwamba hapo ndipo mwisho: mbili zinaweza kukutana kwa bahati, lakini nne? Townes, ambaye alikuwa amekwisha pata Nobel ya Fizikia kwa kuvumbua meza, mtambo uliozaa leza, alihamia Berkeley mwaka 1967 akiwa na hamu ya kutafuta amonia, nitrojeni moja na hidrojeni tatu. Aliambiwa kwamba hata kama amonia ipo, gesi ni nyembamba mno kuiamsha itoe wimbi. Jack Welch, kwenye kituo cha Hat Creek kaskazini mwa California, alikuwa na antena ya mita sita, ndogo kwa viwango vya wakati ule, naye akakubali. Pamoja na Albert Cheung, David Rank na Douglas Thornton walitengeneza kipokezi cha wimbi la sentimita 1.25, wakakielekeza upande wa Mshale, palipo na kitovu cha galaksi. Amonia ilikuwapo. Tangazo lao la mwaka 1968 lilifuatwa punde na jingine: maji. Mvuke wa maji haukusikika kwa unyonge. Katika Jabari na kwingineko ulitoa mawimbi makali ajabu, kwa kuwa gesi ile ilikuwa ikifanya kazi ya meza, ileile ambayo Townes aliitengeneza kwa mikono yake maabarani.

Baada ya hapo mlango ulifunguka. Machi 1969, kwenye antena ya mita 43 huko Green Bank, Lewis Snyder, David Buhl, Ben Zuckerman na Patrick Palmer waliipata formaldehaidi, ambayo ikichanganywa na maji ndiyo formalini ya kuhifadhia maiti. Mwaka 1970 Wilson na Penzias, walewale wa mngurumo, pamoja na Keith Jefferts, walifunga kipokezi kipya kwenye antena ya mita 11 juu ya mlima Kitt Peak, Arizona, wakailenga Jabari. Kaboni monoksidi, gesi inayowaua watu waliolala na jiko la mkaa kwenye chumba kilichofungwa, ilijitokeza kwa nguvu kuliko walivyothubutu kutumaini, kwenye wimbi la milimita 2.6. Hiyo ikawa taa ya kumulika mawingu ya galaksi nzima. Miaka michache baadaye Patrick Thaddeus na wenzake walikuwa wakiyachora mawingu hayo kwa antena ya mita 1.2 tu, iliyokaa juu ya paa la jengo la Chuo Kikuu cha Columbia katikati ya jiji la New York. Mwaka 1975 hata spiriti ya kunywa, ethanoli, ilipatikana katika wingu kubwa la Mshale.

*

Katikati ya shamrashamra hizo kulikuwa na pengo la aibu. Hidrojeni ndiyo karibu kila kitu angani. Atomi zake hutoa wimbi la sentimita 21, lililokwisha kupokewa tangu 1951, lakini katika mawingu meusi, ambamo gesi ilipaswa kuwa nyingi zaidi, wimbi hilo lilipungua. Ilielekea hidrojeni imeungana mbili mbili. Molekuli hiyo, H2, ndiyo sahili kuliko zote, na ndiyo bubu kuliko zote: pande zake mbili zinalingana kabisa, kwa hiyo kwenye baridi haitoi wimbi la redio la kusikika. Inaonekana kwa urahisi kwenye urujuanimno tu, na urujuanimno wa aina hiyo huzuiwa wote na hewa ya dunia.

George Carruthers alizaliwa Cincinnati mwaka 1939. Alijitengenezea darubini akiwa na miaka kumi. Baba yake alifariki George akiwa na miaka kumi na miwili, mama akaihamishia familia Chicago. Alisoma uhandisi wa anga Chuo Kikuu cha Illinois hadi shahada ya uzamivu, kisha akaajiriwa katika maabara ya utafiti ya jeshi la majini mjini Washington, Mmarekani mweusi katika fani ambayo wenzake weusi walikuwa wachache mno. Kazi aliyojichagulia ilikuwa ngumu: kamera itakayoona urujuanimno wa mbali bila kupofushwa na mwanga wa kawaida. Katika kamera yake mwanga uliingia ukagonga utando uliotoa elektroni, sumaku ikazikusanya elektroni hizo, zikachora taswira juu ya filamu. Tarehe 13 Machi 1970 kamera hiyo ilirushwa kwa roketi ndogo kutoka White Sands, New Mexico. Roketi ya namna ile hukaa juu ya hewa dakika chache tu kabla ya kuanguka. Zilitosha. Katika mwanga wa nyota moja ya kundi la Farisi, uliopita kwenye wingu lenye vumbi la kadiri, ilionekana mistari ya H2, na vipimo vilionyesha kwamba karibu nusu ya hidrojeni ya njia ile ilikuwa imeungana kuwa molekuli. Miaka miwili baadaye kamera nyingine ya Carruthers, iliyopakwa dhahabu, ilisimikwa kwenye uso wa mwezi na wanaanga wa Apollo 16.

Kwa uzito, molekuli aliyoiona Carruthers inazidi nyingine zote za angani zikijumlishwa pamoja. Jina lake lilistahili kukaa kwenye vitabu vya shule kando ya majina ya kina Penzias.

Na hapa ndipo vumbi linaporudi. Atomi mbili za hidrojeni zikikutana angani haziwezi kushikana, kwa sababu ile niliyoitaja: nishati haina pa kwenda. Mwaka 1963 Robert Gould na Edwin Salpeter wa Chuo Kikuu cha Cornell walikokotoa kinachotokea atomi zinapotua juu ya chembe ya vumbi, na Salpeter akaendelea na hesabu hiyo pamoja na David Hollenbach. Atomi ya kwanza hunasa kwenye uso wa baridi na kutangatanga juu yake. Ya pili hutua. Zikikutana huungana, chembe humeza sehemu ya nishati iliyozidi, na molekuli mpya huruka kwenda zake. Chembe hubaki ilivyo, tayari kwa jozi nyingine. Tena vumbi lilelile linalozalisha molekuli ndilo linalozikinga, kwa kuwa huzuia urujuanimno usifike ndani ya wingu. Giza lililowaudhi kina Trumpler ndilo paa la kiwanda.

*

Hidrojeni ikiwa imepatikana, palibaki swali la zilizosalia. Ndani ya wingu jeusi kuna baridi ya kama digrii 263 chini ya sifuri. Kwenye baridi hiyo gesi za kawaida hazina nguvu ya kuanzisha mmenyuko wowote. Mwaka 1970 Buhl na Snyder walipokea wimbi la takriban gigahezi 89 lisilolingana na molekuli yoyote iliyokwisha kupimwa duniani, wakakipa chanzo chake jina la muda tu. William Klemperer, mwanakemia wa Harvard, alisema mwaka huohuo kwamba ni HCO iliyopoteza elektroni moja, ioni ambayo hakuna aliyewahi kuipima maabarani kwa mawimbi hayo. Wapo waliompinga. Mwaka 1975 R. Claude Woods na wenzake huko Wisconsin waliitengeneza ndani ya mrija wa umeme, wakapima, na Klemperer akawa sahihi.

Ioni ndizo zilizokuwa ufunguo. Chembe yenye chaji huvuta molekuli iliyo jirani na kuungana nayo bila kuhitaji joto. Mwaka 1973 Eric Herbst, aliyekuwa mwanafunzi wa Klemperer, na William Watson wa Illinois akifanya kazi kivyake, walionyesha jinsi mlolongo unavyoanza. Mionzi ya kosmiki, yaani viini vya atomi vinavyosafiri kwa kasi inayokaribia ya mwanga, hupenya hadi ndani kabisa mwa wingu, pasipofikiwa na mwanga wa nyota. Huing'oa elektroni ya H2. Ioni inayobaki hunyakua atomi ya hidrojeni kutoka molekuli nyingine, ikawa H3 yenye chaji chanya, kisha hiyo huigawia protoni karibu kila inayokutana nayo: oksijeni, nitrojeni, kaboni monoksidi. Kutoka hapo minyororo ya kemia hujisokota yenyewe.

Ushahidi kwamba mionzi hiyo kweli huyagonga mawingu ya galaksi ulipitia kwetu. Novemba 1972, kutoka jukwaa la San Marco lililosimama baharini karibu na Malindi, ilirushwa setilaiti ya Marekani iitwayo SAS-2, iliyobeba kipimo cha miali ya gama. Mionzi ya kosmiki ikigonga gesi ya angani huzaa miali hiyo, na SAS-2 iliiona Njia Nyeupe iking'aa kwayo. Setilaiti ilifanya kazi miezi michache tu, hadi Juni 1973, katika mwaka uleule ambao Herbst na Watson walikuwa wakichapisha hesabu zao.

H3 yenye chaji ilichukua muda zaidi. J. J. Thomson alikuwa ameigundua maabarani mwaka 1911. Takeshi Oka alipima spektra yake mwaka 1980, akaanza kuitafuta angani. Alitafuta miaka kumi na sita. Mwaka 1996 yeye na Thomas Geballe waliipata kwa darubini iliyokuwa ya Uingereza wakati ule, kwenye mlima Mauna Kea, Hawaii.

Lakini methanoli na nyingi za jamaa zake hazikuelezeka kwa ioni peke yake, na kwa mara nyingine jibu lilitoka kwenye vumbi. Hendrik van de Hulst wa Uholanzi alikuwa amependekeza tangu miaka ya 1940 kwamba chembe hubeba barafu. Mayo Greenberg alijenga maabara Leiden katika miaka ya 1970 ili kuitengeneza barafu hiyo na kuipiga kwa urujuanimno. Mwaka 2002 Naoki Watanabe na Akira Kouchi, mjini Sapporo, Japani, waligandisha kaboni monoksidi kwenye baridi kali na kuimwagia atomi za hidrojeni. Hidrojeni ziliingia moja moja: kwanza ikatokea formaldehaidi, baadaye methanoli. Mwaka 2023 darubini ya James Webb, ikitazama nyota zilizo nyuma ya wingu jeusi katika kundi la Kinyonga, ilisoma barafu hizo moja kwa moja: maji, kaboni dioksidi, amonia, methani, methanoli, zote zimeganda juu ya vumbi kabla nyota yoyote haijazaliwa pale.

Molekuli zilizotambuliwa angani sasa zimepita 300. Mikanda ya Mary Lea Heger imeongezeka ikawa mamia, na molekuli moja tu ndiyo iliyokubalika kuwa chanzo cha baadhi yake: C60 yenye chaji, atomi 60 za kaboni zilizofungwa kama mpira, ambayo Harold Kroto na wenzake waliipata Houston mwaka 1985 walipokuwa wakijaribu kuiga kemia ya nyota nzee. Maabara ya John Maier mjini Basel ilithibitisha jambo hilo mwaka 2015, miezi michache kabla ya Kroto kufariki.

Swali lililowashika wengi hivi sasa ni la mkono. Molekuli nyingi za kaboni huja kwa maumbo mawili yanayopingana kama kiganja cha kushoto na cha kulia, na viumbe hai wa dunia hujenga protini zao kwa amino asidi za kushoto pekee. Mwaka 2016 Brett McGuire na Brandon Carroll walitangaza molekuli ya kwanza ya angani yenye tabia hiyo, propilini oksidi, katika lile wingu kubwa la Mshale, lakini antena zao hazikuweza kutofautisha kushoto na kulia. Septemba 2023 chombo cha OSIRIS-REx kilileta gramu 121.6 za udongo wa asteroidi Bennu. Ndani yake zilikutwa amino asidi 14 kati ya 20 zinazotumiwa na viumbe, na amonia nyingi. Matokeo hayo yalipotangazwa Januari 2025, vipimo vya mkono vilionyesha kwamba za kushoto na za kulia zilikuwa karibu sawasawa. Wengi walikuwa wametarajia za kushoto zizidi, kama ilivyoonekana katika baadhi ya vimondo vilivyoanguka duniani, na sasa vipimo vya zamani vinapitiwa upya.